Kabaila mkware, na kwa nini ananinyima usingizi

Kuna aina ya mwanaume ambaye nikikutana naye hapa Dodoma, tuseme jioni pale Nyerere Square kakaa anazungusha funguo za gari kidoleni na kila dada anayepita anaitwa mrembo, nampita kama sijamuona, hata salamu hapati. Ila huyohuyo mvalishe koti refu jeusi na buti za kupandia farasi, mpe cheo cha duki, yaani kabaila wa juu kabisa wa Kiingereza, na madeni ya kamari, muweke London ya mwaka 1815, basi mi na usingizi tunaachana, nasoma mpaka simu inazimika mkononi na kesho yake nina kazi.

Na siko peke yangu. Kwenye basi la asubuhi la kwenda Mtumba tuko wanawake kadhaa tunaorushiana hizi riwaya za mapenzi za makabaila wa Uingereza wasapu, pidiefu moja inazunguka ofisi tatu, na kuna kaka mmoja hukaa siti ya nyuma yetu anajifanya kasinzia kumbe masikio yote kwetu. Juzi uvumilivu ukamshinda. "Dada zangu, yaani nyie mnapenda wahuni, mkiletewa mwanaume mtulivu mnasema hana ladha." Dada mmoja wa Tanga akamgeukia, "Kaka yangu, we mtulivu, au umechoka tu?" Basi zima likaangua kicheko na mada ikafia hapo, maana ukishafika Nanenane simu za mabosi zinaanza kuita. Kwahiyo namjibu huku ambako hakuna wa kunikatisha.

Kwa ambaye hajawahi kusoma hata kimoja, mambo huwaga hivi. Jamaa karithi cheo na mashamba, baba yake alikuwa mkali kupitiliza, mama alifariki mapema, yeye kazi yake kamari, farasi na wanawake wa majukwaani, mji mzima unamjua, akiingia ukumbini akina mama wanawavuta mabinti zao pembeni. Kaapa haoi. Halafu anatokea dada mmoja, mara nyingi kwa hesabu za kule ameshachelewa kuolewa (ana miaka 24, jamani), anapenda vitabu, ana mdomo, hana hela au anayo ila mjomba kaikalia. Gari la farasi linakwama kwenye tope wanajikuta nyumba ya wageni moja, au shangazi anawafuma bustanini, au kuna mshenzi kaweka dau kwamba jamaa hatampata. Mwisho unaujua tangu ukurasa wa kwanza na bado unasoma.

Watu wanadhani tunafuata yale mambo ya chumbani. Sawa, zipo riwaya za hivyo na sijifanyi mtakatifu, lakini mwandishi aliyeipa hii aina sura yake, Mwingereza Georgette Heyer, alichapisha riwaya yake ya kwanza mwaka 1921 akiwa na miaka 19, akaendelea kuandika mpaka karibu na kifo chake 1974, na kwake chumba cha kulala hukioni. Ni majibizano tu. Watu wawili wamekaa mezani wanachomana kwa maneno, mmoja anakunja glavu mwingine anamimina chai, na we huku Nkuhungu chini ya neti unahema. Kwahiyo kinachotushika ni kingine, na mi kwa maoni yangu jibu liko kwenye sheria za kipindi kile, ambazo waandishi wengi hawazielezi ila zimejaa kila kona ya hadithi.

Sikiliza. Uingereza ya wakati ule mwanamke ambaye hajaolewa akifikisha miaka 21 alikuwa mtu kamili mbele ya sheria, anaweza kumiliki mali, anaweza kuingia mkataba, anaweza kushtaki. Siku akiolewa anafutika. Hela yake inakuwa ya mume, vyombo vya mume, mshahara kama anao wa mume, ardhi yake mume ndo anaisimamia. Familia zenye uwezo zilikuwa zinaita mawakili kumwekea binti fungu lake kabla ya harusi ili mume asilile lote, wengine wote walijijua wenyewe. Watoto ni wa baba, mama hata ombi la kukaa nao hakuwa na pa kulipeleka mpaka sheria ya 1839 ilipompa nafasi ya kuomba wale walio chini ya miaka 7. Kuachana na mume ukawa huru kuolewa tena ilihitaji Bunge likutungie sheria yako binafsi, hali ikabaki hivyo hadi 1857, na hata baada ya hapo mume ilimtosha kuthibitisha mke kafanya uzinzi wakati mke alitakiwa athibitishe uzinzi na juu yake kingine, ukatili au kutelekezwa. Mwanamke aliyeolewa kuja kumiliki mali yake kama mtu mwingine yeyote ni sheria ya 1882. 1882!

Sasa piga hesabu. Kabla hajaolewa, sheria iseme itakavyo, nyumbani yuko chini ya baba au kaka. Baada ya kuolewa yuko chini ya mume mpaka mmoja afe. Katikati hapo kuna kipindi kifupi, miezi ya msimu mmoja wa dansi za London labda miwili, ambapo huyu dada anatakiwa aseme ndiyo au hapana, na hiyo hapana yake ina thamani kwa sababu bado haijauzwa. Ndo kipindi pekee maishani mwake ambapo mwanaume mwenye kila kitu anasimama mbele yake anasubiri jibu. Riwaya inafanya nini? Inakikamata hicho kipindi, inakivuta mpaka kinakuwa kurasa mia tatu. Hatuoni miaka ishirini ya ndoa, tunaona ile miezi ambayo yeye ndo ana mpini. Watu wakisema riwaya za mapenzi zinaishia harusini kwa sababu wanawake tunaota harusi mi huwa nacheka, zinaishia harusini kwa sababu baada ya pale sheria inachukua kila kitu na hakuna tena mchezo wa kuangalia.

Hata kumbi zenyewe. Almack's, ukumbi maarufu wa London ambako watoto wa wakubwa walikuwa wanachezea dansi kila Jumatano, kibali cha kuingia kilitolewa na kamati ya wanawake wa vyeo. Wanawake. Hawakuwa na kura, hawakuwa na mali ndani ya ndoa, ila mlangoni pale walikuwa wanaamua nani anaingia nani anarudi nyumbani na suti yake nzuri. Unaona nguvu ilikuwa imejibana wapi.

Ndo maana anatakiwa awe mkware na anatakiwa awe kabaila, vyote viwili. Ukimleta karani mpole wa benki anayempenda dada kwa dhati, hapana ya dada itamuumiza na utamuonea huruma, hakuna utamu. Lakini huyu ambaye tangu azaliwe hajawahi kunyimwa, watumishi wanamfungulia milango, wanawake wanajileta, wadai wanamsubiri kwa heshima, Bunge lenyewe ana kiti chake cha kurithi bila kupigiwa kura hata moja, huyu akiambiwa hapana anashangaa kwanza. Anadhani hajasikia vizuri. Kisha anarudi kesho yake kuisikia tena, na hapo we msomaji unajifunika shuka mpaka kichwani. Tunachotaka kuona ni mtu ambaye dunia nzima imepangwa impendelee, anakutana na mtu mmoja ambaye hawezi kumnunua wala kumlazimisha, halafu haondoki.

Na kitu kingine, huyu mkware wa riwaya ni mkweli. Hili nalisema nikijua nitapigwa mawe. Anakwambia yeye ni nani dakika ya kwanza, mji mzima unamjua, hafichi madeni, hafichi wanawake, anakwambia dada yangu kaa mbali na mimi. Anayedanganya kwenye hizi hadithi huwaga ni yule mwingine, yule mstaarabu wa kanisani mwenye sauti ya upole anayemtaka dada kwa ajili ya urithi wake. Na jamani kitaani kwetu si ndivyo hivyohivyo? Wanaotuumiza wengi hawaji na sifa mbaya, wanakuja na mshenga na wazee wawili na barua ya posa imepigwa pasi, baadaye ndo unagundua kuna familia nyingine Singida. Mkware wa wazi angalau unajipanga.

Nikisema hivyo msinielewe vibaya, wakware wa kweli wa enzi ile hawakubadilika. Namba moja wao alikuwa mrithi wa ufalme mwenyewe, yule George aliyeshika madaraka kwa niaba ya baba yake mgonjwa kuanzia 1811 mpaka 1820, kipindi ambacho ndo nusu ya hizi riwaya zinapenda kuwekwa. Alifunga ndoa ya siri mwaka 1785 na mjane Mkatoliki, Maria Fitzherbert, ndoa ambayo sheria haikuitambua, halafu 1795 madeni yamemfika shingoni akakubali kumuoa binamu yake Caroline ili Bunge limsaidie kulipa. Akamchukia tangu siku ya kwanza. Michepuko kibao, na pamoja na hayo yote 1820 alipokuwa mfalme akataka Bunge livunje ndoa kwa madai kwamba Caroline ndo mzinzi! Yeye! Muswada ukaondolewa maana mitaani watu walikuwa upande wa malkia, wanawake wakiwa mstari wa mbele, ila Julai 1821 siku ya kutawazwa mfalme Caroline alifika mlangoni Westminster Abbey akafungiwa nje. Agosti akafariki. Ukiisoma hiyo halafu ukarudi kwenye duki wako wa pidiefu unahitaji muda kidogo.

Halafu kuna Byron, mshairi na lodi, ambaye waandishi wamemkopa mpaka leo, zile nyusi, ile huzuni, ile hatari. Bi Caroline Lamb (sio yule malkia), aliyekuwa na uhusiano naye kabla hajaoa, ndo anatajwa kumwita mwendawazimu, mbaya na hatari kumjua. Annabella Milbanke akamuoa, namaanisha akaolewa naye, Januari 1815. Annabella alikuwa mcha Mungu, mpenda hesabu, na alikuwa na imani kabisa kwamba atamnyoosha. Desemba wakapata mtoto wa kike, Ada, Januari 1816 Annabella kabeba mtoto karudi kwa wazazi wake, Aprili Byron kaondoka Uingereza na hakurudi tena akiwa hai. Ndoa ya mwaka mmoja. Yule Ada ndo anayekumbukwa leo kwenye historia ya kompyuta, mama yake alihakikisha anasomeshwa hesabu ili asije akawa kama baba.

Kwahiyo hapana, kaka yangu wa siti ya nyuma, hatusomi tukiamini mhuni atabadilika. Tunajua hesabu zilivyo. Annabella alijaribu kwa niaba yetu sote. Tunasoma kwa sababu ndani ya kitabu kuna kitu ambacho Annabella hakuwa nacho, tunaingia kichwani mwa mwanaume. Sura hii dada, sura inayofuata jamaa, na kule ndani tunamkuta anahangaika, analala macho, anamuwaza yule dada alivyomjibu kuhusu chakula cha farasi. We ushawahi kuingia kichwani mwa mwanaume ukakagua kabla hujasema ndiyo? Nani kakupa?

Kuna ambazo siwezi kuzitetea. Zile za Marekani za miaka ya 1970, kadhaa kati ya zilizouza sana zina shujaa anayemlazimisha dada kabisa, kisha kurasa mia mbele anapendwa. Nilijaribu, nikaacha. Na kwa hoja yangu mwenyewe haziendi, maana utamu wote uko kwenye hapana inayoheshimiwa, ukiiondoa hiyo umebaki na kabaila anayefanya kile ambacho makabaila wa kweli walikuwa wanafanya siku zote. Hiyo sio hadithi ya mapenzi, hiyo ni kesi.

Na neno kabaila limenikumbusha. Mi nimesoma shule za serikali, nimekaririshwa Azimio la Arusha la 1967, nimekaa kwenye mji ambao TANU waliamua 1973 uwe makao makuu, halafu usiku nashabikia mtu mwenye eka elfu kadhaa alizopewa na babu wa babu yake. Mwalimu angenitazama tu. Inanisumbua zaidi nikifika kwenye hela, kwa sababu hela za baadhi ya wale mabwana zilitoka kwenye mashamba ya miwa ya Karibi yaliyolimwa na watumwa Waafrika, na sheria ya 1833 ilipokomesha utumwa kwenye makoloni, Uingereza ilitenga fidia ya pauni milioni 20, wakapewa wenye watumwa. Watumwa hawakupewa hata senti. Riwaya nyingi zinapita hapo kimyakimya, duki ana hela na basi, na zinazojaribu kugusa mara nyingi zinampa duki hotuba moja nzuri bungeni tunaendelea na dansi. Mi nasoma, ila nikifika kwenye ile jumba lenye vyumba mia nauliza kimoyomoyo, haya tuambie kalijenga nani.

Ndo maana siku hizi nina hamu na kitu kimoja. Nataka hii riwaya iandikwe Ugogo.

Yaani fikiria. Miaka ya 1860, 1870 hivi. Misafara inatoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji, imevuka nyika kavu ya Marenga Mkali wapagazi wameishiwa maji, imefika Ugogo, na huku kuna watemi ambao wameshika visima, hupiti bila kulipa hongo, yaani ushuru wa njia wa enzi hizo, unatoa vitambaa, unatoa shanga, unatoa waya, na mnajadiliana siku kadhaa huku chakula chako kinaisha. Stanley alipita huku 1871 akimtafuta Livingstone akalalamika kuhusu hongo kama abiria aliyeongezewa nauli. Hao ni watu wenye nguvu, wenye ng'ombe, wenye dharau ya kutosha. Sasa nipe mtoto wa mtemi, kijana, mzuri, kapaka mafuta na udongo mwekundu anang'aa, anaringa, kila tembe ana stori. Badala ya dansi za London nipe ngoma ya muheme usiku wa mavuno, na muheme wanaopiga ni wanawake, kwahiyo mwendo wa usiku ule wameushika wao.

Nilipomsimulia shangazi yangu wa Kongwa akacheka mpaka akaweka chini ungo. "Mwanangu, huyo mtoto wa mtemi atatuliaje? Baba yake ana wake wangapi?" Na kweli hapo ndo pagumu. Duki akitulia tunajua maana yake, kaachana na wale wa majukwaani, kabaki na mmoja. Huyu wa kwetu akioa wa kwanza bado njia iko wazi ya wa pili na wa tatu na hakuna atakayemwita mkware, ataitwa mzee mwenye mji. Hata leo Sheria ya Ndoa ya 1971 inatambua ndoa ya mke mmoja na ndoa ya wake wengi, mnasema mapema mnafunga ipi. Halafu ng'ombe wa mahari wanaenda kwa baba na kaka zake binti, kwahiyo hapana yake sio yake peke yake, kuna kaka anayesubiri wale ng'ombe ili na yeye aoe. Dada wetu ingebidi aanze kupigana na kaka zake kabla hajafika kwa jamaa. Shangazi anasema kijijini kwao alikuwepo mama mmoja aliyegoma mpaka ng'ombe wakarudishwa, wote, na ndama aliyezaliwa katikati, na watu walikuwa wanamuogopa mpaka uzeeni. Nikamwambia shangazi huyo ndo namtaka.

Naona kabisa isingeishia kwenye kubaki na mke mmoja kwa sababu jamaa kabadilika moyo, hapana, ingekuwa ni sharti, limewekwa mezani mbele ya wazee wa pande zote mbili, pamoja na ng'ombe ambao ni wake yeye na sio wa kaka. Majadiliano marefu kuliko ya hongo. Mi ningesoma hata kurasa mia za hayo majadiliano tu.

Sura ya kwanza ningeianzia kisimani, kiangazi, foleni ndefu. Jamaa kaleta ng'ombe wa baba yake na anataka kupitiliza mbele kama alivyozoea. Kuna binti kashika kata anachota taratibu, hainui hata uso, anamwambia panga mstari. Mwenye kipaji cha kuandika aichukue hapohapo aendelee nayo, bure kabisa, mi sidai hongo.